Kijiti cha Marehemu Kutosi

Siku ya tatu baada ya mazishi ya Kutosi, Agosti ya themanini na saba, wazee wa ukoo walifika kwa mjane wake Namarome pale Mabanga na povu la pombe ya busaa kwenye masharubu. Wakatazama paa, wakakunja nyuso. Mwenye nyumba akifa, kijiti cha kileleni mwa paa la nyasi hung'olewa. Nyumba ya mjane huyu ilikuwa ya mabati, na kijiti hakikuwepo.

Wakafanya kikao. Vichwa vinne, akili robo kikombe. Mwisho wakaamua kichomekwe kwanza, halafu king'olewe.

Namarome aliwaambia polepole kwamba mabati yale aliyapata kwa jasho la vitunguu vyake. Marehemu kazi yake ilikuwa kulala chini ya mabati hayo. Na ndani mlikuwa na magunia ya mahindi, chakula cha mwaka mzima, na mvua ya mwezi huu haina adabu. Si wakifunge kwa kamba tu? Wakamjibu kwamba mwanamke hafundishi wazee habari za paa.

Sasa nani apande? Mmoja alikumbuka goti lake. Wa pili alikuwa mkwe aliyeoa katika ukoo, na mkwe hapandi nyumba ya wakwe. Wa tatu alishikwa na kikohozi palepale. Akabaki Makari, ndugu wa marehemu, ambaye tangu juzi alikuwa akimpima Namarome kwa macho kama ng'ombe wa mnadani, maana mjane hurithiwa. Akapanda ngazi kwa madaha, akatoboa bati kwa tindo, akachomeka kijiti. Wazee wakalia. Akaking'oa. Wakalia zaidi.

Matone yakaanza, mazito. Wazee wakakimbilia kwa jirani, kwenye mtungi, na mwenzao wakamsahau juu. Namarome akaondoa ngazi, akailaza migombani.

"Shemeji," Makari akaita, "ngazi, bana."

"Tundu liko wapi?"

"Hapa mbele yangu."

"Likalie."

"Ati?"

"Likalie, shemeji. Gunia moja likilowa, utalala huko. Na ukishuka, unanirithi?"

Radi ikapiga upande wa Chwele. Makari akajisogeza, akaketi juu ya tundu.

"Mimi sirithi mtu," akasema.

Namarome akaingia ndani, akainua macho. Hata tone halikuvuja. Miaka ishirini aliwaona wanaume wa ukoo ule wakikalia vigoda. Leo ndiyo mara ya kwanza makalio yao kufanya kazi.