Theluji ya Chumba Namba Tatu

Fundi wa majokofu alikuwa na adui mmoja tu duniani: barafu inayojijenga mahali isipotakiwa. Kwa miaka kumi na tisa, tangu atoke chuoni na diploma yake, alikuwa akiikwangua kwenye mabomba ya majokofu ya maduka, mabucha na zahanati, huku akiwasema wenyewe bila kupepesa macho. "Barafu ikishika mabomba, mashine inahema kama mgonjwa wa pumu. Huo ni uvivu wako, siyo ubovu wa jokofu." Watu walimwita Mama Gesi. Walimwogopa kidogo, lakini jokofu likizima, ni yeye waliyempigia.

Kwa hiyo Jumatatu ile, alipofungua Chumba Namba Tatu chini ya jengo la chuo, akakuta meza nzima imefunikwa theluji unene wa shubiri moja, mkono ulimwasha.

Chumba kilikuwa cha Profesa. Humo ndani, katika mji ambao watu hulala madirisha wazi kwa joto, mzee huyo alikuwa amelea kipande kidogo cha ncha ya dunia. Kulikuwa na mimea mifupi iliyotandaa kama zulia, na maua ya manjano ambayo wakati wake ukifika hugeuza vikombe vyake kufuata taa, kama yanavyofuata jua huko kwao. Katikati ya meza kulikuwa na fahari yake: mti. Ulikuwa na umri wa miaka thelathini na miwili, na haukufika urefu wa kidole cha kati.

"Kama huo ni mti, basi mimi ni twiga," Mama Gesi alimwambia siku ya kwanza.

"Huko kwao anayeinua kichwa hukatwa na upepo," Profesa alimjibu. "Mwenye akili anatambaa."

Chini ya matawi yake aliishi kiwavi mmoja mwenye manyoya kama brashi ya viatu. Kila majira ya baridi huganda mwili mzima akawa mgumu kama kokoto. Joto likirudi, huyeyuka na kuendelea kula pale alipoishia, kana kwamba aliitwa mlangoni mara moja tu.

Sasa Profesa alikuwa hospitalini kwa upasuaji wa goti. Alikuwa amemwachia Mama Gesi ufunguo na kadi: "Baridi ya chumba, kumi na nane chini ya sifuri. Taa zibaki zimezimwa hadi tarehe moja mwezi wa tatu. Ukiona shida, nipigie." Kuhusu theluji hakuandika neno. Kwake yeye ingekuwa sawa na kumwandikia yaya asimvue blanketi mtoto aliyelala.

Mama Gesi alichukua brashi laini ya rangi, akafagia meza kona hadi kona, taratibu, asivunje kitawi. Zilitoka ndoo tisa. Akazimwaga kwenye mfereji, akafuatishia maji ya moto, akaenda zake akijipongeza.

Kesho yake asubuhi alirudi kuangalia kipimo. Kilikuwa kinachora mistari miwili, mmoja wa hewa na mmoja wa udongo. Wa hewa ulikuwa umenyooka kwenye kumi na nane chini ya sifuri, kama alivyouacha. Wa udongo ulikuwa umekaa kwenye nne chini ya sifuri wiki sita mfululizo, lakini tangu jana mchana ulikuwa umeporomoka kama ndoo iliyokatika kamba kisimani. Sita. Kumi na moja. Kumi na tano, na bado unashuka.

Aliutazama mstari ule. Aliijua hesabu yake. Ni nini kinachoweka baridi upande mmoja na joto upande wa pili? Ni foamu ya kuta za jokofu, na foamu kazi yake yote ni kushika hewa. Theluji ile ilikuwa foamu. Chini ya trei ya udongo ulipita waya wenye joto kidogo, badala ya joto la ardhi, na theluji ndiyo iliyokuwa ikilizuia joto hilo lisitoroke. Yeye, mtu wa foamu, ndiye aliyebomoa ukuta. Na feni ya mashine ilikuwa imeupuliza mti huo mtupu usiku kucha.

Nyumbani kwake kulikuwa na sheria moja kwa binti zake wawili: anayevunja kikombe aseme mwenyewe, kabla mtu hajakanyaga vipande. Mama Gesi alitandaza karatasi ya nailoni juu ya meza kuzuia upepo, akatoka nje, akapiga simu.

"Shikamoo, Profesa. Nimekosea."

"Marahaba, mwanangu. Mashine imekufa?"

"Mashine nzima. Nimefagia theluji."

Upande wa pili toroli la dawa lilisikika likipita.

"Yote?"

"Mimi sifanyi kazi nusu nusu."

"Hilo nalijua," Profesa alisema kwa sauti ndogo. "Kosa ni la kadi yangu pia. Udongo uko ngapi?"

"Kumi na tano chini. Mti utakufa?"

"Unaweza. Huko kwao kitawi kinachobaki nje ya theluji hukaushwa na upepo. Kilicho chini hupona."

"Nipunguze baridi ya chumba?"

"Rafu za juu zimejaa sampuli za idara nzima, na hazina pa kwenda kabla ya tarehe moja. Ukiponya mti, utaozesha kazi za watu kumi. Na mashine yangu ya theluji hutoa ndoo moja kwa siku."

"Basi nitwange barafu ya kawaida."

"Hiyo ni kokoto! Itavunja matawi, na hewa haina. Nataka kitu chepesi, kama unga uliochekechwa. Na kiwepo leo, Mama. Kesho utakuwa unafunika maiti."

Chepesi, kama unga. Mama Gesi alisimama na simu mkononi, kisha akacheka peke yake kama mwehu. Aliijua barafu ya namna hiyo. Ilikuwa ikiota kwenye mabomba ya kila jokofu ambalo mwenyewe hufungua mlango ovyo. Ameigombeza maisha yake yote.

Alipakia masanduku yake yote ya kubebea baridi kwenye gari, akaanza na muuza samaki wa jumla, ambaye sokoni walimwita Magamba. Magamba alipomwona tu, akasimama mbele ya mlango wa chumba chake cha baridi.

"Mama Gesi, naapa, nilikuwa nataka kukwangua leo hii."

"Usikwangue. Nimekuja kuiomba."

"Kuomba nini?"

"Barafu yako. Ile nyeupe, ya kwenye mabomba."

Magamba alimtazama juu hadi chini. "Hii uliyosema ni ushahidi wa uvivu wangu? Mbele ya wateja?"

"Hiyohiyo."

"Enhe! Njooni mwone!" akawaita wapakuzi wake. "Leo uvivu wangu umepata mnunuzi! Sema 'tafadhali', Mama."

"Tafadhali, Magamba. Kuna kiumbe kitakufa."

Utani ukakatika. Magamba mwenyewe alivaa koti, akaingia naye, wakakwangua kwa brashi, kwa upole, theluji ikimwagika masandukuni kama unga kwenye sinia. Zilipatikana ndoo nne. Bucha lilitoa mbili. Muuza aiskrimu, ambaye alikuwa amegandua juzi tu kwa kumwogopa fundi, alitoa nusu na kuomba radhi kwa usafi wake. Ghala la kuku wa kugandishwa lilitoa tatu, na mwenye ghala akataka kujua kama sasa inaruhusiwa kuiacha. "Hairuhusiwi," Mama Gesi alimjibu bila kugeuka.

Saa tisa alasiri alikuwa chumbani na chekecheo la jikoni kwake, akiunyunyizia mti ule kidogo kidogo hadi ukapotea. Chumba kilinuka samaki. Mstari wa udongo ulikuwa umefika kumi na saba. Alikaa nje ya mlango akiutazama kwenye kioo cha kipimo, hata chakula kilimshinda. Kumi na saba. Kumi na saba. Karibu na magharibi, kumi na sita. Akashusha pumzi aliyokuwa ameishika tangu asubuhi. Kesho yake ulikuwa tisa, na keshokutwa ukatulia kwenye tano.

Lakini mstari ni mstari tu. Kama mti ulikuwa hai au umekufa, hakuna kipimo cha kusema. Wiki tano alipita kila asubuhi, akaangalia, akafunga mlango. Nyumbani binti yake mdogo alivunja bakuli la kioo, akaja kusema mwenyewe. Mama yake alimjibu, "Haya, lete ufagio," na binti akabaki mdomo wazi, maana hotuba haikuja.

Tarehe moja, sampuli zilipokwisha kuhamishwa, Profesa alifika akiegemea mkongojo, wakawasha taa pamoja na kuanza kupandisha joto. Theluji iliyeyuka siku nane. Siku ya tisa mti ulionekana, umelala, wa kahawia. Profesa alikwangua gome la kitawi kwa ukucha. Kahawia. Akakwangua cha pili. Kahawia. Mama Gesi aligeukia ukuta.

"Huyo kiwavi wako," alisema Profesa, "ananuka samaki."

"Maiti zote hunuka."

"Maiti hazitembei."

Akageuka. Kiwavi alikuwa anajivuta juu ya shina, polepole, kama mzee anayetafuta miwani, akapita vitawi viwili vikavu na kusimama kwenye cha tatu. Profesa akainama pale alipoelekeza, akakwangua. Kijani. Akakwangua cha nne, cha tano, cha sita. Kijani, kijani, kijani. Kwenye ncha moja kichipukizi cha manyoya, kidogo kama punje ya mtama, kilikuwa kimeanza kupasuka.

"Umepoteza viwili," Profesa alisema. "Mimi mwaka wangu wa kwanza niliua miti kumi na mmoja."

Mama Gesi alikaa chini sakafuni na sare yake safi, akacheka mpaka machozi yakamtoka. Kisha akaichukua ile kadi, akaongeza mstari kwa kalamu ya wino mzito: USIFAGIE.

Jioni alipita sokoni kutoa habari. Magamba alimpokea kwa vigelegele, akamfungulia mlango wa chumba chake. Mabomba yalikuwa yamevimba kwa weupe.

"Nimekuhifadhia, Mama! Wiki sita sijagusa!"

Mama Gesi aliitazama barafu ile, akamtazama Magamba, akavuta pumzi ndefu ya raha.

"Lete mkwanguo," alisema. "Mvivu mkubwa wewe."