Mgomo wa Taa Arobaini

Usiku wa jana niliota niko juu ya ngazi katika ukumbi mmoja wa maonyesho Tabora. Kazi yangu ya miaka yote ndiyo hiyo, kuelekeza taa za jukwaani, leo mji huu, kesho ule. Sheria alizonifunza fundi wangu ni mbili tu: asiyemulikwa hayupo, na mtu wa taa haonekani. Siku akionekana, kazi yake imekwisha.

Onyesho linakaribia mwisho. Siwema, mwigizaji wetu mkuu, anaingia kusema maneno yake ya mwisho. Nabonyeza swichi ya taa ya saba. Haiwaki. Nabonyeza zote arobaini. Kimya.

"Saba, kulikoni?"

"Tumegoma," taa ya saba ikajibu.

Kule chini Siwema anaanza kutoweka. Nyayo kwanza, halafu magoti.

"Fundi," ananiita, "kiuno hicho kinakwenda. Na maneno yangu bado."

Ukumbi ukawa ofisi ya posta. Hakuna aliyeshangaa. Mimi niko dirishani kama karani, taa zimepanga foleni, watazamaji wamekaa kwenye mabenchi wanatafuna karanga.

"Semeni shida yenu," nikasema.

"Unatuvisha karatasi nyekundu, unatuvisha ya samawati," ikasema taa ya saba. "Ukisema mmulikeni malkia, mmulikeni mwizi, tunatii. Wewe unakaa nyuma yetu. Miaka arobaini hatujui hata sura yako."

"Mtu wa taa haonekani."

"Basi na Siwema naye asionekane."

Nikageuka. Siwema amebaki mdomo tu, umekaa juu ya mizani ya vifurushi.

"Shuka, mzee, acha maringo," mdomo ukasema. "Wewe unaogopa kukosa kazi, mimi nimebaki meno."

Nikaruka dirisha la posta, nikatua jukwaani, nikasimama pale pale aliposimama Siwema.

Taa zote zikawaka kwa mpigo, hata ile iliyovunjika vipande nilipoiangusha Kigoma.

"Kumbe ana kipara," moja ikanong'ona.

"Tena kizuri," ikasema taa ya saba. "Tungejua, tungegoma zamani."

Mwanga ukagonga kipara changu, ukadunda, ukampata Siwema. Akarudi mzima, nyayo hadi kilemba, akasema maneno yake yote bila kuruka hata moja. Viti vikapiga makofi. Nami, niliyetazamwa kwa mara ya kwanza, nikainama kama bwana harusi. Hakuna aliyenifukuza kazi. Nikacheka hadi nikaamka.

Kulikuwa kumekaribia kupambazuka. Mke wangu, Bi. Tunu, alikuwa amejiziba macho kwa kiwiko.

"Baba Hidaya, hebu zima hiyo taa. Inaniumiza macho."

Mtaa wetu hauna umeme tangu Jumatatu.

Nikavuta shuka, nikakifunika kipara changu chote.

"Ahsante," akasema, akageukia ukutani.