Kidole Kiganjani

...na mkono bado hajauachia, waliotangulia mstarini amewapitia haraka haraka, habari za kazi, habari za nyumbani, kama mtu anayegawa karanga msibani, lakini alipofika kwa Lydia akasimama, akaushika mkono wake na kuushikilia, huku akiongea juu ya kichwa chake na yule mgeni kutoka Afrika Kusini, huyu ndiye Lydia wetu, opareta, sauti yake ndiyo shirika lenyewe, piga simu kutoka kokote duniani, wa kwanza kukupokea ni huyu, na haoni kabisa, hebu fikiria, haoni hata mwanga, na mgeni akacheka kwa kifua, vizuri, vizuri sana, na hapo hapo, ndani, pale viganja viwili vilipofunikana, kidole kimoja kikakunjika kikamkuna, polepole, kwa ukucha, kutoka katikati ya kiganja hadi kwenye shina la vidole... labda ni pete, alifikiri Lydia, labda pete imemteleza, wanaume wengine pete zinawalegea... lakini pete ya ndoa huvaliwa kushoto na huu ni mkono wa kulia, na isitoshe Bwana Damas, mkurugenzi wao, havai tena pete tangu amzike mkewe mwaka jana, Joha ndiye aliyemwambia, Joha wa masjala, ambaye tangu walipoanza kazi pamoja humwambia kila kinachoonekana, na sasa Joha amesimama hapo hapo nyuma yake, chupa ya soda mkononi, anasikika akinyonya mrija, haoni kitu, angeonaje, jambo lenyewe liko ndani ya ngumi mbili zilizofungana.

Upepo wa Agosti ulikuwa ukilibamiza bati la banda la magari, vumbi likiwajia mdomoni pamoja na moshi wa nyama iliyokuwa ikichomwa nyuma ya ghala, na Bwana Damas akaendelea kusema, unajua mheshimiwa, zamani tulikuwa na wafanyakazi wengi mno, kila mlango una mtu wa kuufungua, sasa tunakwenda na wakati, nchi yote inakwenda na wakati, na alipotamka neno wakati akambana kidogo, na Lydia akauacha mkono wake kama ulivyo, haukukaza wala haukulegea, kwa sababu mwili wake ulikuwa umeshatangulia kufanya ulichozoea, ulikuwa umenyamaza na kubana pumzi, kama bwenini Buigiri, kwenye shule ya wasioona, wasichana wanapiga hadithi baada ya kengele ya kulala, na yule wa kitanda cha mlangoni akisikia viatu vya matroni anamkuna wa pili kiganja, wa pili anamkuna wa tatu, mpaka mwisho wa safu, na mlango ukifunguliwa bweni zima linakoroma... kukunwa kiganja maana yake anakuja mtu, nyamaza, jifanye uko usingizini, hiyo ndiyo maana aliyokua nayo, na kabla ya hiyo ilikuwepo nyingine, ya mjomba wake Mazengo nyumbani Chamwino, panya kapita hapa, panya kapita hapa, panya huyoo kaingia kwapani, na yeye mtoto anacheka mpaka anakosa hewa na bado anautoa mkono tena, mjomba, tena... ndiyo, huenda ni hivyo, huenda huyu naye anamtania, watu wakubwa wakiwa na wageni hupenda kuonekana wacheshi, na kwani maana ya mkono si kila mtu anakuja nayo kutoka kwao?

Joha ndiye aliyemfundisha hilo, kwa vicheko, wakati wa chai, maana Lydia anasikia sauti lakini mikono ya watu humpita, basi Joha anamsomea, shoga, leo yule mtaalamu wa kizungu amekula wali wa mama ntilie, akaweka kidole gumba na cha shahada pamoja, duara, akimwambia mama wa watu kwamba chakula ni safi, mama ameona sifuri, amelia mpaka mawifi zake wamekuja... shoga, jana huyo huyo amemwita mlinzi Matonya kwa kidole kimoja, kiganja juu, anakikunja na kukikunjua, Matonya hakwenda, kasema kwetu hivyo tunaita mbwa, mimi ukiniita unaninyooshea mkono mzima, kiganja chini, kama mtu, na mtaalamu alipofundishwa kuita kwa kiganja chini akasema lakini kwetu hivyo ni kumfukuza mtu... na huyu mgeni wa leo, yeye kampa Lydia mkono, kisha akazungusha vidole gumba vikakumbatiana, kisha mkono tena, na Lydia aliyafuata yote matatu bila kukosea, mgeni akafurahi, akasema kwao ndivyo wanavyosalimiana ndugu, basi kila mtu na kwao, na Bwana Damas naye amesoma Bulgaria, aliwahi kuwasimulia kikaoni kwamba Mbulgaria akitikisa kichwa huku na huku maana yake ndiyo, kikao kizima kikacheka, na Lydia akacheka, ingawa usiku ule akiwa kitandani alijiuliza, sasa huko mtu anayetaka kusema hapana anasemaje.

Kidole kikamkuna tena. Safari hii hakikuwa na haraka hata kidogo, kilikwenda kikarudi, kikatulia, kama mtu aliyepiga hodi na anasikiliza kama kuna nyendo ndani, na juu, huko kwenye maneno, sauti ya Bwana Damas haikutetereka, ilikuwa inaeleza habari za maghala, paa jipya, mizani mipya, zabibu za Makutupora zitakavyopita hapa kwenda nje, na swichibodi mpya, mheshimiwa, ya kisasa, inajiunganisha yenyewe, na kisha sauti hiyo hiyo ikashuka, ikahama kutoka Kiingereza, ikamjia sikioni na harufu ya manukato na bizari ya mishikaki, dada Lydia, baadaye wenzako wakiondoka upite ofisini, tuongee juu ya nafasi yako, nisingependa wewe uwe kwenye wale wa Ijumaa... Ijumaa, ndiyo, Ijumaa watatangazwa watakaobaki na watakaopunguzwa, shirika zima halilali kwa sababu ya Ijumaa, na mama yake kule Chamwino hajui lolote, anajua tu kwamba mwanawe asiyeona ana kazi ya meza, na dari juu yake, na mdogo wake Brighton anasoma kwa mshahara wa kazi hiyo... na labda ni kuongea tu, labda ofisini kuna kiti na chai na karatasi za kueleweshwa, Lydia, usimfikirie mtu mabaya kwa sababu ya kidole, lakini Joha, alipomuuliza zamani, kuhusu hiki hasa, kwa sababu alisikia wasichana wa uhasibu wakikitaja na kukatisha, Joha hakucheka, alisema hicho usiniulize hapa, na walipokuwa njiani akasema kwetu Kondoa mwanamume akikukuna kiganja unauchomoa mkono wako kama umeshika kaa la moto, unakwenda kuwaambia kaka zako, na kaka zako hawasubiri kukuche, anakutaka huyo, shoga, anakutaka na hana hata adabu ya kufungua mdomo, na Hana, katibu muhtasi, ambaye walikuwa wakitembea naye, yeye ndiye aliyecheka, Hana mtoto wa Dar es Salaam mwenye visigino vinavyolia kama mashine ya chapa, akasema nyie watu wa bara mnapenda kukuza mambo, kule kwetu ni swali tu, mtu kakuuliza, unataka unataka, hutaki unautoa mkono wako taratibu mnaendelea na habari nyingine, swali halimuui mtu.

Swali halimuui mtu... na Hana akabaki shirikani wakati wa mkupuo wa kwanza wa kupunguza watu, wenzake wakikusanya vikombe vyao na sweta zao, yeye akabaki, akapata na viatu vipya, Lydia alikuwa akivisikia kutoka mwisho wa korido, halafu akaanza kusikia kitu kingine, visigino vilikuwa vinakuja vinasimama, vinakuja vinasimama, na kikohozi kidogo kikavu mbele yake, na halafu visigino vikaacha kuja, wakasema ana malaria sugu, wakasema amekwenda kwao, kumbe yuko Nkuhungu, hapo hapo mjini, kwa mama yake aliyehamia kumuuguza, na Jumapili iliyopita Joha na Lydia wakaenda, shikamoo mama, marahaba wanangu, karibuni, mgonjwa yuko macho, na mama mwenyewe akatoka nje upesi kama mtu aliyesahau kitu jikoni, na chumbani mlikuwa na harufu ya dawa na ya uji uliopoa, na Hana akasema Lydia nipe mkono, na Lydia akampa, na alichoshika hakikuwa mkono wa mtu mzima, vilikuwa vijiti ndani ya soksi, na kati ya vijiti hivyo kimoja kikajikunja, kikamkuna kiganja, kwa shida, mara moja, na Hana akasema Damas alianza hivi, Lydia, mbele ya watu, tunapokea wageni, mimi nikadhani ni swali, halikuwa swali, mke wake alikuwa ameshaanza kuugua wakati huo, Damas alijua, daktari alikuwa ameshawaambia wote wawili, mke wake mwenyewe ndiye aliyekuja kunieleza, akiwa amejifunga kanga tumboni ili sketi isimwanguke, alikuja kuniomba nijihadhari na mimi nikamwona ni mwanamke mwenye wivu... na Joha, njiani kurudi, alimshika Lydia kiwiko kwa nguvu mno kila walipovuka barabara.

Kwa hiyo anajua. Hilo ndilo lililofika sasa, hapa, uani, mchana kweupe, muziki wa redio ukikoroma na watu wakigongana na kreti za soda, kwamba mwenye kidole hiki anajua kilichomo ndani yake, alijua alipokuwa na Hana na anajua leo, na anamkuna mtu asiyeona kwa hesabu nzuri tu, kwamba huyu hawezi hata kusema alimwona nani akimfanya nini, na kwamba mkono wake, huu uliotulia kwa heshima, uliotulia kwa mazoea ya bwenini, unasomwa, ukimya wake unasomwa, naye Damas ameshausoma kuwa ni ndiyo, ndiyo maana kidole sasa hakikuni tena, kimelala tu kiganjani kama mtu aliyeonyeshwa kitanda... uchomoe, Lydia, uchomoe taratibu kama alivyosema Hana, na akiuchomoa jina lake linaingia kwa wale wa Ijumaa, hakuna atakayejua kwa nini, watasema ni swichibodi mpya, na kidole kitapita kwa mwingine mstarini, kuna yule msichana mgeni wa uhasibu, Sabrina, anayemsalimia shikamoo dada kila asubuhi kwa sauti ya mtu ambaye bado hajazoea ofisi, amesimama mahali fulani upande wa kushoto, na mkono wake bado haujafikiwa... nyamaza, anakuja mtu, nyamaza, lakini mtu ameshafika, amekwisha kuingia bwenini, sasa unamnyamazia nini.

Mheshimiwa Mkurugenzi, alisema Lydia, na akaisikia sauti yake ikitoka ile ya kazini, ile inayopita kwenye waya hadi Mwanza bila kupotea, samahani kwa kukukatisha, unanikuna kiganja, naomba kujua kwenu hilo lina maana gani, maana mimi sioni na nimeambiwa maana nyingi, Hana amenipa moja Jumapili, nilikuwa kwake Nkuhungu, anaumwa sana, sasa nilitaka niisikie na kwako.

Mrija wa Joha ukaacha kunyonya. Mtu mmoja aliyekuwa anacheka akamalizia kicheko chake peke yake, kikafa, na bati la banda likabamiza likatulia likabamiza, na Bwana Damas mkono hakuuachia, angeuachiaje, kuuachia sasa ni kujibu, ukabaki pale pale ulipokuwa, ila ulianza kulowa, jasho lilichipuka kiganjani mwake kama kwenye mtungi, na Lydia akajua, bila hofu aliyoitegemea, kwamba Ijumaa jina lake halitakuwepo kwa watakaobaki, na kwamba atamweleza mama yake mwenyewe, kwa mdomo wake, na kwamba upande wa kushoto kuna viatu vidogo vimerudi nyuma hatua moja, vimetoka mstarini. Na mgeni, ambaye Kiswahili chake kiliishia kwenye vizuri sana, akauliza kwa Kiingereza, amesema nini huyu dada, akauliza tena, amesema nini, na Lydia, ambaye kazi yake ya miaka yote ilikuwa kuunganisha watu wasiosikilizana, akaigeuza shingo kuelekea ilikotoka sauti, akasafisha koo, na mkono wake ukiwa bado ndani ya ule mkono, akaanza kumweleza tangu mwanzo.