Jibu la Adabu la Damian Ndyamukama

Mwaka 1951 vigingi vya barabara ya kutoka Bukoba vilifika Ijumbi, vikapita katikati ya kibanja cha Damian Ndyamukama, shamba lake la nyumbani, nyumba ikabaki upande huu na mibuni upande ule. Nyuma ya vigingi alikuja Datius, karani wa Serikali, na daftari lake, akiongozana na Mkungu Karugendo, mkuu wa kijiji.

"Kibanja hiki ni cha nani?" Datius akauliza.

Sasa, mtu aliyelelewa akaleleka hawezi kusema "changu" mbele ya mkungu. Damian alipiga goti, akajibu kama baba yake alivyozoea kujibu: "Ni cha Mkungu, waitu, bwana wetu. Sisi tunakaa tu."

Karugendo akatabasamu. Datius, mtoto wa mjini mwenye haraka zake, akaandika.

Wiki tatu baadaye tangazo likabandikwa Muleba. Mwenye kibanja angelipwa fidia ya nyumba na mazao, na kuonyeshwa mahali pengine pa kuhamia na kulima. Na mwenye kibanja hicho, liliendelea tangazo, ni Karugendo.

Damian aliomba asomewe mara mbili. Kibanja alichopanda baba yake, na humo humo akazikwa! Nani amesema uongo? Yeye? Lakini tangu lini adabu ikawa uongo? Karani? Karani ameandika alichoambiwa.

Alipomfuata Karugendo nyumbani, alizidi kuchanganyikiwa.

"Lakini Damian, si ulisema mwenyewe?" Mkungu aliuliza, na mshangao wake ulikuwa wa kweli. Watu walikuwa wamemwambia hivyo tangu ashike cheo, na maskini ya Mungu alikuwa ameshaamini.

Tangazo lilitoa nafasi ya pingamizi mbele ya Bwana Shauri, yule Mzungu mkuu wa wilaya. Siku ilipofika Damian akaenda barazani Muleba na mkewe Benigna. Aliomba jambo moja tu: Mkungu atoke nje kidogo, ili yeye apate kusema.

Bwana Shauri alisema kwa Kiingereza, Datius akatafsiri: "Sheria hairuhusu. Anayepingwa lazima asikie."

Sheria gani hii, Damian alijiuliza, inayompa mtu haki yake halafu ikamtaka akose adabu ndipo aipate? Akasimama. Karugendo akamtazama kwa upole kabisa, na upole ule ndio uliommaliza.

"Kibanja ni..." Aliona aibu, aliona hasira, na hakujua ipi imshinde.

Ndipo Benigna akapiga goti, ingawa hakuna aliyemwita.

"Waitu Mkungu, kibanja ni chako. Barabara imechukua mali yako, pole sana. Lakini wewe hujawahi kuacha watu wako walale nje. Kile kibanja kingine, cha nyuma ya nyumba yako, chenye migomba iliyokomaa, tupe sisi. Tutahamia Jumatatu, na watoto saba, na mbuzi, na mama mkwe wangu."

Baraza likaguna. Macho yote yalimgeukia Karugendo, naye akakohoa mara mbili. Bwana mzuri asingeweza kukataa, na hakuna aliyetaka kuonekana bwana mzuri kuliko yeye.

"Karani," alisema hatimaye, "hicho cha barabarani andika Ndyamukama."

Datius akafuta, akaandika, akamsogezea Damian wino. Damian akabonyeza dole gumba kwenye karatasi, furaha imemjaa. Bwana Shauri akasema maneno machache, na karani akayatafsiri bila kuinua kichwa.

"Sasa imethibitika kuwa kibanja ni chako. Kwa hiyo wewe ndiye utakayehama. Mwisho wa mwezi huu."

Damian akashukuru, maana ndivyo alivyolelewa. Kisha akamgeukia mkewe, akamuuliza kama wameshinda.