Kikohozi cha Chumba cha Kuchachusha

Kiwandani mume wangu aliitwa Bwana Pua, na waliomwita hivyo hawakumtania. Majani ya chai yakishanyaushwa na kusagwa, hulazwa kwenye trei yachache, na yeye ndiye aliyenusa na kuamua lini yapelekwe kukaushwa. Yakitoka mapema, chai inanuka nyasi. Rangi hudanganya chini ya taa zile. Pua ndiyo hakimu.

Kisha akaugua homa. Yeye akapona, pua haikupona. Maharage yaliungua jikoni naye amekaa kando ya sufuria.

"Usimwambie mtu, mama watoto," aliniomba. "Hata mama yangu asijue. Nyumba hii ni ya kazi. Kazi ikienda, tutalala wapi?"

Mimi nilikuwa mfagiaji wa chumba kilekile. Tukapatana: majani yakianza kutoa harufu ya tunda lililoiva, nakohoa mara moja. Yeye anainama, ananusa kwa mbwembwe, anapaza sauti: "Toa!" Watu walimsifu, mimi nikafagia. Sikumwonea wivu, naapa. Nilikuwa na hofu tu.

Siku moja mlango wa chumba cha kuchekechea ukaachwa wazi. Vumbi la chai likanijaa kooni. Nikaziba mdomo kwa kanga, nikajikaza, wapi! Nikakohoa.

"Toa!" akasema mume wangu.

Nilitikisa kichwa mpaka shingo ikauma, lakini alikuwa amenipa mgongo.

Chai yote ya siku ile ilinuka nyasi mbichi. Meneja akamfunga macho kwa leso, akamsogezea kopo la mafuta ya taa.

"Hii nini?"

"Chai, bosi. Imeiva vizuri."

Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Mimi nilitamani ardhi inimeze. Alipobanwa aseme nani alikuwa anamwonyesha, akaninyooshea kidole.

Basi yeye akapelekwa kupanga kuni, mimi nikapewa trei zake. Nyumba ikabaki yetu. Mjinga mimi, nikadhani tumepona.

Siku hizi mama mkwe haitikii shikamoo yangu. Mwanawe amemwambia nilikohoa makusudi.

"Nyoka wewe," aliniambia jana mbele ya wanangu. "Umeinyemelea kazi ya mwanangu mpaka umeipata."

Nikamgeukia mume wangu, shahidi wangu pekee.

"Baba watoto, si umwambie mama ukweli?"

Akapuliza chai yake, akanywa.

"Ukweli gani?" akasema.