Mji Uliopita Igawa

Bertha alikuwa amechoka. Si ule uchovu wa kulima shamba ukalala ukaamka mzima, hapana. Huyu alichoka mpaka akaacha kuota. Miaka kumi na miwili anauza mahindi ya kuchemsha pale Igawa, barabara kuu ya Mbeya: basi likipunguza mwendo anakimbia nalo, beseni kichwani, hindi linaingia dirishani, hela inatoka, basi limeondoka. Akirudi nyumbani anaanguka kitandani kama gunia la mpunga, na usingizi wake ni giza tupu.

Kuacha kuota ndiko kulikomtesha, maana mwanawe Happy alikuwa anaishi humo kwenye ndoto. Happy alikufa kwa homa akiwa na miaka saba. Bertha akaendelea kumwota: akamwota anafika darasa la tano, akamwota anaingia sekondari, akamshonea gauni, akamjengea nyumba ya matofali ya kuchoma, mabati ya bluu, dirisha kubwa upande wa barabarani. Na ndoto za watu wa huku hazipotei bure, nani kakudanganya? Zinakwenda mjini. Si Mbeya, si Iringa. Upo mji mwingine, unaotembea, uliojengwa kwa ndoto za watu. Uliyemwota yumo, na ulichoota kimesimama. Usiniulize unatembeaje, mimi nakwambia ulivyo.

Jumatatu dada yake Veneranda, aliyebaki Kalenga, akapiga simu. "Mdogo wangu, mji umepita hapa asubuhi. Nimeiona nyumba ya Happy. Mabati yameanza kung'oka, Bertha, na ukuta mmoja una tundu. Hivi unaota kweli wewe?"

"Nitaota saa ngapi, dada? Nalala kama maiti."

"Basi nenda mwenyewe, kabla nyumba haijamwangukia mtoto. Ukipanda utakaa naye. Ila wanapokea mikono mitupu. Mwenye mzigo hapandi."

Jumanne madereva wa malori wakasema umeonekana Mafinga, jioni wakasema Makambako. Jumatano asubuhi Bertha akajua ni leo. Siku kama hiyo si ungeacha kuchemsha mahindi? Thubutu! Akachemsha.

"Mama Happy, si ulisema leo hubebi kitu?" aliuliza Andendekisye, muuza ndizi wa kutoka Tukuyu, waliyegawana naye kivuli kimoja miaka yote hiyo.

"Sasa nikae bure mpaka saa ngapi? Ukitokea nitaliweka chini. Beseni ni beseni tu, kaka Ande, halijaota mizizi kichwani kwangu."

Saa nane mchana vumbi likainuka upande wa Makambako. Jamani! Mji ulikuja kwa mwendo wa lori lenye shehena ya saruji, taratibu, barabara nzima ya kwake. Lilitangulia ghorofa lisilo na ngazi, maana aliyeliota hajawahi kupanda ghorofa. Likafuata duka aliloliota mzee Premji wa Iringa, rafu zake hazina mwisho. Ikaja shule yenye dawati kwa kila mtoto, na mwalimu aliyeiota sijui yuko wapi. Halafu mji ukapunguza mwendo.

Hapo ndipo balaa lilipoanza. Watu wa Igawa wamezoea jambo moja: kitu kikubwa kikipunguza mwendo, unakimbia. Hakuna aliyefikiri. Wa vitunguu akainuka na vitunguu, wa mayai na mayai, Andendekisye na chane mbili za ndizi juu, utadhani ni basi la Tunduma! Na mbele yao wote Bertha, beseni kichwani, miguu inajiendea yenyewe. Akaliwahi dirisha kubwa, akainua hindi.

"La moto! La moto hili, dada!"

Mkono wa msichana ukatoka, ukalipokea.

"Shikamoo, mama."

"Lete hela chapchap, linaondoka!"

Ndipo akainua macho. Mabati ya bluu, matatu hayapo. Ukuta una tundu. Na dirishani Happy, mwanamwali wa miaka kumi na tisa, hindi mkono mmoja, mkono mwingine unapapasa mfuko wa gauni. Alikuwa anatafuta hela, maskini, anaona aibu. Mfuko ulikuwa mtupu. Bertha alilishona lile gauni usingizini mpaka vifungo, lakini kuota hela ya mtoto mfukoni hakukumbuka.

"Happy! Acha, mama, acha! Kula tu!"

Akalitupa beseni, mahindi yakatapakaa kwenye lami, akakimbia mikono mitupu. Lakini mji ulikuwa umeshaondoka. "Panda, mama!" aliita Happy, mkono nje. Bertha alikimbia mpaka darajani, mji ukamwacha. Akasimama, akaangalia mabati ya bluu yakishika njia ya Chimala.

Andendekisye aliokota mahindi yote, akayapanga tena kwenye beseni, akamfuata na kumrudisha kivulini.

"Hindi si alilichukua?" aliuliza.

"Alilichukua."

"Basi leo kala kwa mama yake."

"Nimemdai hela, kaka Ande," Bertha akasema, na machozi sasa yakamtoka. "Mwanangu wa kumzaa. Kaniamkia, hata sikumwitikia. Nikamdai hela."

Honi ikalia, basi la kutoka Iringa likapunguza mwendo, wote wakainuka kukimbia. Kwa mara ya kwanza tangu msiba Bertha hakuinuka. Alijilaza palepale mchana kweupe, khanga usoni, akafumba macho kwa nguvu. Alitaka amuwekee mtoto hela mfukoni kwanza, na kumwitikia ile shikamoo. Mabati angeyaota baadaye.

Usingizi ulikuja upesi, maana alikuwa amechoka. Ulikuwa giza tupu.