Tambi Juu ya Kichanja cha Kahawa

Osea alipofunga ghala la mahindi kwa kufuli jipya, gunia la ngano lililokuwa chumbani kwa Atuganile hakulijali. Aliliona, akalisukuma kwa mguu, akauliza ni nini, akaambiwa ni ngano, akatoka. Kwa Osea ngano ilikuwa kitu cha maandazi na chapati za Krismasi. Mtu anayeamini chakula ni ugali tu, akishafunga mahindi anajiona amefunga na tumbo la mwenye nyumba.

Osea alikuwa mdogo wa marehemu Wiliam, mume wa Atuganile. Wiliam alifariki mwezi Novemba, mvua hazijakolea. Mwezi wa saba, mara tu mahindi mapya yalipoingia ghalani, shemeji mtu akaja na kufuli lake na maneno laini: anahifadhi mali ya kaka yake mpaka ukoo ukae. Hayo maneno laini ndiyo yaliyomchoma Atuganile. Angetukanwa, angejua la kujibu.

Ukoo ulipangwa kukaa Jumanne, mbele ya Danieli, balozi wa nyumba kumi, kuamua shamba la kahawa libaki mikononi mwa nani. Na kwao pale Igamba kila mtu alijua swali la kwanza litakuwa lipi: msimu huu ni nani aliyeita watu kuchuma, na ni nani aliyewalisha? Anayelisha wachumaji ndiye mwenye shamba, hata kama hati iko chini ya godoro la mwingine. Atuganile alikuwa ameita watu kumi na wanne kwa Jumamosi. Kuita alikuwa ameita. Kazi ilikuwa kulisha.

Ijumaa asubuhi Osea akapita, mikono nyuma, akitembea kama mkaguzi wa shule.

"Shemeji, kesho usijisumbue," alisema. "Mke wangu, Mama Irene, atapika, ataleta shambani. Wewe bado una majonzi."

"Watu nimewaita mimi, shemeji."

"Sawa, umewaita. Utawapa nini?"

"Watakula."

"Nakuuliza, watakula nini?"

"Njoo kesho uone."

Osea akacheka, akaenda zake. Atuganile akabaki mlangoni akiwa ameshika fremu. Aliogopa, tena aliogopa sana. Shamba lile alilipalilia kwa miaka ishirini na sita, na sasa lilikuwa linakaribia kuondoka kwa sababu ya sufuria moja ya ugali.

Mwanawe Lusajo, wakala wa forodha huko Tunduma, alikuwa amempigia simu jana yake akitaka kutuma unga kwa basi. Akamkatalia. "Ukinitumia unga, watasema nimelishwa na mwanangu," alimwambia. "Ngano nimelima mwenyewe, kwenye kipande alichonipa baba yangu kule Isansa. Kuku ni wangu. Hata mbuzi nimepewa na kaka yangu, si wa ukoo wao. Niache."

Zamani, kabla ya kuolewa, Atuganile alipika miaka minne kwenye kambi ya Waitaliano waliokuwa wakitengeneza barabara. Msimamizi wao alikuwa mzee mmoja mnene, asiyejua Kiswahili zaidi ya "bado" na "tena". Kwa maneno hayo mawili alimfundisha kukanda tambi. Ukikanda ukachoka, alisema bado. Ukikanda mpaka mabega yakawaka moto, alisema tena. Atuganile hakuwahi kuzipika tambi zile kwa Wiliam hata siku moja, kwa kuwa Wiliam naye alikuwa mtu wa ugali, Mungu amrehemu.

Ijumaa hiyo, Osea alipokwisha kuondoka, akamwaga mezani unga aliousagisha kwenye ile ngano, akafanya shimo katikati, akavunja mayai ishirini na manne, akatia maji na chumvi, akaanza. Unga wa mashine ya kijijini si mweupe, una makapi, na unakuwa mbishi mkononi. Akauonyesha kwamba na yeye ni mbishi. Alipomaliza kukanda akaufunika kwa kitenge upumzike. Hapo akakumbuka hana cha kusukumia. Kile kifimbo cha chapati alichokuwa nacho kilikuwa kifupi mno kwa kazi ile. Yule mzee alikuwa akisukuma kwa chupa ya bia.

Basi akaenda baa. Akaingia kwa mlango wa mbele, saa sita mchana, mama wa kwaya, akasalimia, akaomba chupa tupu mbili. Wanywaji wakanyamaza kama wameingiliwa na mchungaji. Akapewa, akashukuru, akatoka nazo mkononi bila kuzificha ndani ya kanga. Wenye midomo waliseme hilo pia.

Alisukuma unga mpaka ukawa mwembamba, akaukata. Wenzetu hukata ndefu kwa sababu wana uma. Yeye alikata pana na fupi, urefu wa kidole, ziokoteke kwa mkono. Kisha akazitoa nje, akatandika shuka safi juu ya kichanja cha kuanikia kahawa, kile kirefu kilicho kando ya njia, akazipanga zote hapo mbele ya macho ya watu. Upepo wa Julai ni mkavu na hauna huruma. Ulifaa.

Tuntufye, mmoja wa wachumaji, kijana anayejulikana kwa kula kuliko kwa kufanya kazi, alisimama akakodoa macho.

"Mama Lusajo, unaanika vitambaa?"

"Naanika chakula chako cha kesho."

"Mimi?" Tuntufye akajishika tumbo. "Haya, mama. Mimi nitajaribu."

Jumamosi alfajiri mbuzi alikuwa tayari amechinjwa. Atuganile aliikatakata nyama kwa kisu mpaka ikawa ndogondogo, akaikaanga na vitunguu, karoti na kitunguu saumu, akamimina nyanya kidogo kidogo. Akakata rozimari kwenye ua wa nyumba. Akachuma kivumbasi kando ya njia, kile ambacho watu hukitia ndani kufukuza mbu, akakitia chunguni bila kumwomba mtu ruhusa. Majani ya vitunguu akayaweka mwisho. Chungu kikachemka kwa moto mdogo hadi karibu na adhuhuri, na kila alipofunua, harufu iliteremka mpaka kwenye safu za mibuni, na wachumaji wakainua vichwa.

Saa saba kamili, alipokuwa ameshachemsha tambi na kuzichanganya na mchuzi, Osea akatokea. Hakuja peke yake. Mbele yake alitembea balozi Danieli, aliyealikwa aje ashuhudie, na nyuma yake mkewe Restuta, sufuria ya ugali kichwani na ndoo ya maharage mkononi.

"Karibuni chakula, ndugu zangu," Osea alisema kwa sauti ya harusini. "Hiki ndicho chakula cha mtu anayefanya kazi. Tambi ni za watoto na wagonjwa. Kwenye kahawa ya kaka yangu hakuna mtu atakayeshinda njaa."

Wachumaji walikuwa wamekwisha nawa mikono. Wakasimama katikati, wakiitazama sufuria hii na ile. Si kwamba walimchukia Atuganile. Lakini ugali ni ugali, na Osea ni mwanamume wa ukoo, na kesho kutwa wataishi naye. Tuntufye akapiga hatua moja kuelekea kwa Osea, akasita.

Restuta akatua sufuria, akafunua. Ugali ulikuwa wa dona, na ndani yake kulikuwa na vichembe vya zambarau. Atuganile akausogelea, akainama, akautazama vizuri. Mahindi ya zambarau yalikuwa yake peke yake pale Igamba. Mbegu aliitoa kwa mama yake.

"Mama Irene," alisema polepole, "unga huu umetoka wapi?"

"Unga ni unga," Osea alidakia.

"Sijakuuliza wewe, shemeji."

Restuta alimtazama mumewe, akamtazama balozi, akafuta mikono kwenye kanga kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika. "Umetoka ghalani kwako, dada," alisema. "Funguo alinipa yeye. Nilichota debe."

"Ni mahindi ya marehemu kaka yangu!" Osea alisema.

"Marehemu kaka yako alizikwa Novemba," Atuganile alisema. Hasira ilikuwa imeinyoosha sauti yake. "Mahindi haya nimeyapanda Desemba, kwa jembe, peke yangu, nguo ya msiba iko mwilini. Wewe ulipita njiani ukaniambia pole na kazi. Wiliam alikuwa mchapakazi, lakini hakufufuka kuja kupanda mahindi. Umenifungia chakula changu, ukakipika, ukaja kuwalisha watu niliowaita mimi, ili Jumanne useme shamba ni lako. Haya, balozi yuko hapa. Sema."

Danieli akakohoa, akachukua sahani mwenyewe kwenye rundo la Atuganile.

"Kwa hiyo sufuria zote mbili ni za mama huyu," alisema balozi. "Mimi ndivyo nilivyosikia. Ndivyo nitakavyosema na Jumanne. Kuleni, kahawa haisubiri."

Tuntufye alikuwa wa kwanza. Akatia tambi mdomoni kwa vidole vitatu, akatafuna macho yamefumbwa, akarudi kuongeza kabla ya mwingine kupata. Wengine wakachota ugali, wakachovya kwenye mchuzi wa tambi, wakala mchanganyiko ambao yule mzee wa kambini angeuona akalia. Restuta aliketi na wanawake, akapewa sahani, akala bila kuinua uso.

Osea akageuka kuondoka.

"Shemeji," Atuganile alimwita. Alikuwa ameshapakua sahani moja, imejaa, nyama imewekwa juu. Akaenda nayo mpaka alipokuwa amesimama, akamnyooshea kwa mikono miwili, kama inavyopasa kwa mtu aliyekuja kwako. "Hapa kwangu mgeni haondoki na njaa. Kaa, ule."

Wachumaji wote kumi na wanne waliacha kutafuna. Osea aliitazama sahani, akamtazama balozi, kisha akawatazama watu ambao mwaka wote angekuwa anakutana nao njiani. Akaipokea. Akaketi chini kwenye udongo, kati ya mibuni, akaanza kula.